Aliyevaa Koti la Baba

Mwaka ule wa vita senene walikuja wengi kuliko miaka yote, na hakuna aliyeruhusiwa kuwasha taa. Wenzangu mliozaliwa upande wetu mnajua maana yake, kwa sababu senene hufuata mwanga kama walevi wanavyofuata harufu ya lubisi. Mgambo walipita nyumba kwa nyumba hapa Kishanda wakisema jua likizama kila moto uzimwe, ndege za nduli wa ng'ambo ya mpaka zisije zikatuona. Basi senene wakatua ovyo, juu ya migomba, juu ya paa, hata kwenye nguo zilizoanikwa. Asubuhi tukatoka nje tukakuta kijiji kizima kimegeuka kijani na kinatafuna. Sisi watoto tulifurahi. Hatukujua vita ni nini. Mimi nilidhani vita ni msimu wa senene usiokuwa na taa.

Mama aliwaokota wale senene kwa vikapu. Akawanyonyoa mbawa na miguu, akawakaanga kwa chumvi, akamwekea baba, yeye mwenyewe akala ndizi na maharage. Ndivyo ilivyokuwa. Mwanamke wa Kihaya aliokota senene lakini hakuwala. Kuku hakula, mayai hakula. Ulipomuuliza bibi yangu kwa nini, alikujibu kwamba mwanamke akila senene atazaa mtoto mwenye kichwa cha senene, na alisema hivyo huku akiramba chumvi vidoleni.

Katika asubuhi moja ya kunyonyoa senene ndipo alipoingia uani Tatenkazi Adventina. Tatenkazi ni dada wa baba. Ukilichambua neno lenyewe ni kama kusema baba wa kike, na huyu alikuwa baba kwelikweli. Alikuwa ameolewa Kaagya, kule karibu na mlio wa mizinga, na watu wa kule walikuwa wanakimbilia kwetu Muleba kwa miguu, na mbuzi, na masufuria, na wazee wao kwenye baiskeli. Tatenkazi alikuwa amefunga mgongoni kitu kilichozungushiwa nguo ya gome la mti, kama mtoto. Njia nzima, alisema, watu walimpa pole kwa mtoto asiyelia. Mama akakimbia kumpokea huyo mtoto, akafungua, akakuta ubao.

Mama akamwambia wenzake wamebeba watoto na magodoro. Tatenkazi akajibu, "Mtoto sina, wifi yangu, na godoro ni la mwanamume." Kisha akainama kwenye chungu cha baba, akachota senene kwa kiganja, akatafuna. Nilimwangalia tumbo miezi mingi baada ya siku ile.

Ule ubao ulikuwa enanga. Vijana wa leo hawaijui. Ni mti uliochongwa ukawa kama kihori kifupi, na juu yake umevutwa uzi mmoja unaokwenda na kurudi, kwenda na kurudi. Mtu huiweka mapajani na kuipapasa kwa vidole, nayo hutoa sauti kama ya mtu anayezungumza chumba cha pili, ambaye humsikii maneno lakini unajua ana jambo. Ilikuwa kazi ya wanaume, na mwanamke hata kuivuka alipoikuta chini ilikuwa mwiko. Lakini watoto wa kiume wa babu yangu walikuwa wawili, mmoja alikimbilia malori na mwingine akakimbilia ziwani. Babu akamfundisha aliyebaki nyumbani.

Juzi mjukuu wangu alinisikilizisha kwenye simu mwanamke mmoja wa huko Afrika Magharibi. Sikuelewa neno hata moja. Mjukuu akaniambia huyu mama anapiga ala za mababu zake, halafu humo humo anawatetea wanawake, wanaoozwa bila kuulizwa na wanaofukuzwa waume wakifa. Zile nyuzi zikaanza kuzungumza chumba cha pili. Nikamwambia azime. Akadhani sikuupenda wimbo.

Basi, vita vikaisha. Wanaume wakarudi kutoka ng'ambo ya mpaka na redio, na saa, na yale mashati ya kung'aa yaliyoitwa Juliana. Magendo yakashamiri, watu wakajenga, wakaoa, wakaongeza. Kisha wakaanza kukonda. Kwa kuwa mashati na ugonjwa vilikuja njia moja, ugonjwa nao tukauita Juliana. Siku za msiba kwetu jembe halishikwi, na kuna msimu mmoja ambao jembe halikushikwa kabisa, nyasi zikapanda mpaka kwenye vizingiti, maana hatukuwa tumemaliza kukaa kwa huyu kabla hatujaitwa kwa yule. Nakumbuka harufu ya nyasi mbichi zilizotandazwa ndani kwa ajili ya waombolezaji. Mpaka leo nikipita mahali wanapofyeka nashika pua.

Tatenkazi hakurudi Kaagya. Akakaa kwetu na enanga yake, na wajane wakaanza kumfuata. Walitoka mpaka Nshambya, huko Bukoba mjini, wakaja kukaa kwenye nyasi za sebuleni kwetu na kusimulia jinsi mashemeji walivyong'oa milango. Aliwasikiliza, akawauliza kama anaweza kuwataja majina, halafu akatunga. Alichukua mapigo ya zamani, yale ya vita na wafalme, akaweka mle ndani jembe na mtoto wa mgongoni na mwanamke anayetolewa nje na sufuria moja. Kinamama wa kigangoni wakawa wanampigia makofi na vibuyu vya mbegu. Aliimba harusini, akaimba gulioni, akaimba nje ya kanisa baada ya misa ya pili. Wanaume walimtania. Walimuuliza kama ule ubao unamlisha. "Unanilisha vizuri kuliko mume wangu," alisema, "na haukoromi." Wengine hawakutania. Walisema enanga ya mwanamke hukausha migomba, na migomba ilipokauka kwa kukosa mikono walisema, mnaona.

Baba yangu alikuwa utingo kwenye lori la kahawa. Alikuwa na koti refu la mtumba wa kafa ulaya, zito, rangi ya majivu, lenye kiraka cheusi begani mahali alipobebea magunia. Lilinuka tumbaku na grisi, na mifukoni kulikuwa daima na kahawa ya kutafuna. Siku za mvua alitufunika nalo mimi na wadogo zangu, wote watatu wasichana, mle ndani kukawa kama nyumba nyingine. Alikufa lori lilipokatika breki kwenye mteremko. Hakufa na Juliana. Mama alikuwa akilirudia jambo hilo kwa kila aliyekuja kuzika, mpaka bibi akamwambia anyamaze, watu watadhani anaficha. Koti lilisalimika kwa sababu siku ile kulikuwa na jua na alikuwa ameliacha msumarini.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Mtu akifa kwetu lazima apatikane mrithi wa kukalia kigoda chake. Baba hakuwa na mtoto wa kiume. Ukoo ukamwita Tatento Anakleti, mdogo wake, yule wa ziwani, mvuvi wa sangara aliyekuwa amehamia visiwani miaka mingi. Sura yake nilikuwa siijui. Alikuja na mfuko mmoja wa kitambaa. Wazee wakamvika koti la baba, wakamshikisha mkuki wa ukoo, wakatuita sisi watoto tupige magoti tumsalimie. Ta Bitegeko, mzee wa ukoo, akatuambia kwa sauti ya upole sana:

"Msilie tena. Baba yenu hakufa. Huyu hapa."

Nyinyi mlikuwa watoto, mnajua mtoto anavyosikia. Wakubwa walimaanisha kiti. Mimi nilisikia kwamba baba hakufa. Nikanyanyua uso, nikaona kiraka cheusi begani, nikasikia tumbaku na grisi. Hata sauti walifanana, maana walizaliwa tumbo moja. Jioni ile akataka kisu, na kabla mama hajainuka akapeleka mkono juu kwenye pembe ya paa, pale pale baba alipokichomeka siku zote. Bila shaka alikua katika nyumba hiyo hiyo! Lakini mimi niliona ushahidi, nikaanza kumwita Tata, yaani baba, bila kulazimishwa.

Kulikuwa na mambo machache yaliyonisumbua, nikayatafutia maelezo. Alikuwa mwembamba kuliko baba, na koti lililomkaa vizuri siku ya kwanza lilizidi kuning'inia. Alikota moto saa sita mchana. Alijikuna mikono mpaka ikatoka madoa. Nywele zake zilikuwa laini na zimelala kama za kichanga. Nikafikiri, mtu ametoka udongoni, ulitaka aweje? Hajafika wote. Bado anakuja. Kwa hiyo nikajipa kazi ya kumalizia kumrudisha. Nilimpelekea maziwa ya jirani, nikampelekea ndizi mbivu nilizowanyima wadogo zangu, nikasimama mbele yake mpaka ameze. Alikula kidogo kidogo na kuniangalia. Kwa utani aliniita mama mkwe wake. Alinifundisha kufunga fundo la wavuvi kwa uzi wa kikoi, fundo ambalo baba hakuwahi kunifundisha, nami nikasema kumbe huko chini nako watu wanajifunza.

Kila asubuhi nilimpima kwa macho, nikaona amepungua, nikaongeza maziwa.

Ndani ya nyumba mambo yalikuwa mengine. Mrithi hukalia kigoda, hupata kibanja chenye migomba na mibuni, na mke wa marehemu humo humo. Hakuulizwa mtu. Mpaka hapo Tatento alikuwa analala nyumba ya nje, kwa sababu ukoo wetu ulikuwa na sharti moja. Hakuna mrithi aliyekamilika kabla enanga haijawahesabu mababu mbele yake, mmoja mmoja, na yeye kujibu kwa kinywa chake. Wapiga enanga wa kiume walikuwa wamekwisha. Mmoja alikwenda na vita, mwingine alikwenda na Juliana. Wazee wakakuna vichwa, wakaja kumwambia Adventina itabidi yeye, kwa dharura tu.

Nilikuwa nyuma ya jiko nachambua maharage nilipomsikia mama akizungumza naye. Mama hakuwa mtu wa maneno mengi.

"Nikimkataa, nitarudishwa kwetu na watoto watabaki huku," alisema. "Nikimkubali, nitabaki na watoto, na watoto watanizika. Nichague lipi?"

Kisha akamwambia Tatenkazi anajua huyo ni ndugu yake, hamwombi amchukie.

"Tulilala ngozi moja mimi na Anakleti," Tatenkazi akasema. "Nilimfuta kamasi. Ngoja siku ya enanga."

Nikawa na hofu. Niliona wanapanga kumzuia baba asimalize kurudi.

Siku ilipofika ua ulijaa. Nyasi mpya zilitandazwa, mtungi wa lubisi ukawekwa katikati, kahawa ya kutafuna ikapita kwenye kijikapu. Tatento Anakleti alikaa juu ya kigoda na koti lake, mkuki mkononi, na ilikuwa jua kali lakini amelifunga vifungo vyote. Wanawake walikaa upande wa jikoni. Tatenkazi akaketi chini mbele ya ndugu yake, akanyoosha miguu, akaweka enanga mapajani. Wakati anajaribu nyuzi hakumtazama.

Akaanza na babu wa kwanza aliyekuja na mkuki na mbwa. Wazee wakatikisa vichwa kwa raha. Lakini alipommaliza huyo hakuvuka kwenda kwa mwanawe. Alikaa hapo hapo, akamtaja mwanamke aliyekuja naye amebeba chipukizi la mgomba ndani ya nguo, akalipanda, tukala. Akaja wa pili, na mwanamke wake aliyetandaza nyasi shambani akiwa na mimba. Wa tatu, na mwanamke wake. Majina ya wanawake hao sikuwahi kuyasikia, na nadhani nusu ya wazee hawakuwahi. Upande wa jikoni vibuyu vikaanza kujibu polepole.

Mwanamume mmoja wa ukoo, aliyekwisha kuonja mtungi, akasema wamekuja kusikia mababu, mbona wanasikia mabibi? Ta Bitegeko hakugeuka. Akamwambia anyamaze, enanga haikatizwi, na kwamba hata yeye hakuangushwa na kunguru. Watu wakacheka kidogo. Ulikuwa mcheko wa mwisho siku ile.

Alipofika kwa baba yangu aliimba lori na mvua na koti. Akaimba Leokadia, ambaye ni mama, na mikono yake, na kila shina alilolipanda kuanzia mtaroni mpaka kaburini. Kisha akafika kwa mrithi. Mapigo yakapungua, ukabaki uzi mmoja tu unagongwa. Akawataja wanawake wawili. Mmoja Edisa, mwingine Kokwijuka. Hatukuwajua. Akauliza, ndugu yangu wa ziwani, Edisa umemwacha na nani? Uzi. Kokwijuka umemwacha na nani? Uzi. Akaimba kwamba amesikia kisiwani kuna makaburi mawili ya mchanga na hakuna mgomba wa kuyafunika. Machozi yalimtiririka lakini sauti haikuyumba. Akamuuliza swali ambalo mrithi hana budi kulijibu kabla hajapewa lubisi:

"Mwana wa mama yangu, umekuja kuilinda nyumba hii, au umekuja kuizika?"

Akaweka kiganja juu ya nyuzi. Nimewahi kusikia ukimya wa aina nyingi, wa baada ya mizinga, wa nyumba iliyokwisha watu wote. Ule wa siku ile nausikia bado, na katikati yake namsikia nzi kwenye mtungi.

Tatento alikuwa anautazama mkuki. Mimi nilikuwa nimesimama karibu, nikamwombea moyoni aseme anakuja kulinda, aseme haraka, anywe, akamilike. Akasema kwa sauti ya chini, lakini wote tulisikia:

"Sikuja kuua mtu, Adventina. Nilitaka mahali pa kufia."

Mama ndiye aliyeinuka upande wa jikoni. Alipita katikati ya wanaume, kitu ambacho sikuwahi kumwona akifanya, akapiga magoti mbele ya kigoda kwa heshima zote kama mke wa ukoo.

"Shemeji," akasema, "kaa. Uji nitakupikia, na maji ya kuoga nitakuchemshia, na siku ikifika tutakulaza hapa kwa kaka yako. Kitanda changu tu ndicho sitakupa."

Ta Bitegeko akainamisha kichwa. Baadaye sana wazee walikuja kukubaliana kigoda kikae bila mtu na kibanja kibaki mikononi mwa Leokadia mpaka mabinti wakue, jambo lisilokuwa na mfano, na ndicho kibanja hiki ninachokaa, na mama alikufa juzijuzi tu, kwa uzee, amekasirika kwa sababu ya meno. Lakini hayo yalikuja baadaye. Wakati ule hakuna aliyejua kitakachotokea, na wote walikuwa wanamtazama yule aliyekaa.

Akasimama. Akauegemeza mkuki ukutani taratibu, kama mtu anayemlaza mtoto aliyesinzia. Tulidhani atavua koti, mzee mmoja alikwisha kunyoosha mikono alipokee. Hakulivua. Alimwambia mama asante, waitu, kama tunavyoitana kwa heshima, kaka yake alioa vizuri. Kwa dada yake alisimama kidogo, akamgusa begani, Tatenkazi akaushika ule mkono kwa mikono yote miwili, kisha akauachia. Nyumba ya nje hakuingia. Ule mfuko wake wa kitambaa ulikaa kwetu miaka, hakuna aliyeufungua.

Akanifikia mimi. Nikamwambia, "Tata, bado hujapona, usitoke." Akaweka kiganja kichwani pangu. Kilikuwa cha moto kama kifuniko cha chungu, na ndipo nilipokuwa na hakika kuwa anakaribia kufika, kwa sababu wafu ni baridi. Mama akanishika nguo kwa nyuma.

Akaingia kati ya migomba kwa njia ile inayoshuka ziwani. Wakubwa walimwona Anakleti. Mimi niliona mgongo wa baba yangu, mzima, unatembea kwa miguu yake, na kiraka cheusi begani kinaonekana, kinafichwa na majani, kinaonekana tena. Nilingoja ageuke. Migomba ikafunga nyuma yake, naye hakugeuka, na hakurudi tena.